Dada Fundi Anajibu: Daftari la majina limegoma kufunguka

Barua zilizonifikia mwezi huu hapa Ngamiani, Tanga, zina udugu: zote zinahusu majina na namba za watu. Nimechagua nne. Ya kwanza nimeijibu kwa kirefu, maana mwandishi wake kanikumbusha kosa nililolifanya miaka ishirini na ushee iliyopita, na kosa lenyewe halikuwa dogo.

SWALI: Binti yangu fundi, salamu. Mimi ni karani mstaafu, naishi Moshi. Tangu 2004 ni katibu wa kikundi chetu cha kusaidiana kwenye misiba. Majina ya wanachama, namba zao na mahali wanapokaa niliyaandika kwenye kompyuta yangu ya mezani, ndani ya kile kitabu cha anwani kilichokuja na Outlook Express, ile programu ya zamani ya barua pepe. Wako 412. Mwezi uliopita kompyuta ilizima na haikuwaka tena. Mjukuu wangu alichomoa diski, akanakili faili la majina kwenye flashi, akalipeleka kwenye laptopu yake ya Windows 10. Tukilibofya linatoka dirisha la kulalamikia wab32.dll. Mjukuu amekuta tovuti inayogawa faili hilo bure. Nimemwambia asubiri nikuulize wewe. Je, tulichukue? Na majina yangu ndiyo yamekwenda?

JIBU: Shikamoo Mzee wangu. Nianzie mwisho: majina hayajaenda popote. Na hilo faili la kwenye tovuti msiliguse. Sasa nikupe sababu, maana nawajua makarani, hawapokei agizo lisilo na maelezo.

Mbele yenu kuna vitu viwili na mmevichanganya, kama wanavyovichanganya karibu wateja wangu wote. Lile la kwenye flashi, lenye mkia wa .wab, ni daftari. Humo ndimo walimo watu wako 412. Hilo wab32.dll ni msomaji wa daftari. Daftari limeandikwa kwa mwandiko wa peke yake. Ukilifungua kwa Notepad utaona mikwaruzo kama kuku kaparua, na kipande cha jina hapa na pale. Anayeujua mwandiko ule ni msomaji huyo. Msomaji akiugua, daftari halina kosa.

Kwa nini msomaji akawa faili la kujitegemea, asikae humo humo ndani ya Outlook Express? Mfano upo kwenye kikundi chako. Bila shaka mna masufuria makubwa, turubai, viti na sahani. Hakuna nyumba hata moja kwenu iliyonunua sufuria la wali wa watu mia tatu ikaliweka uvunguni kungojea msiba. Vyombo viko kwenye nyumba moja inayojulikana, na siku ikifika anayevihitaji anavifuata. Waandishi wa programu walifanya vivyo hivyo. Programu ya barua pepe inataka kutafuta jina, ya faksi inataka, ya kupigia simu kwa kompyuta nayo inataka. Badala ya kila moja kujitungia njia yake ya kusoma daftari, kazi ikawekwa kwenye faili moja, na programu yoyote inayotaka jina inakwenda kupiga hodi pale. Mafaili ya namna hiyo kwenye Windows huishia na .dll. Vitabuni yanaitwa maktaba za pamoja. Jina zuri, ila sijawahi kumwona mteja akaingia dukani akaniambia maktaba yake imeharibika. Wanasema, "Fundi, di-el-el haipo."

Uzuri wa vyombo vya pamoja unaujua, na ubaya wake unaujua kuliko mimi. Mtu kaazima sufuria na mfuniko wake, karudisha sufuria na mfuniko wa jirani. Kwa macho kila kitu kipo. Siku ya kupika ndipo mvuke unapotoroka.

Ndilo lililonipata 2003. Nilikuwa nimeajiriwa kwenye kafe ya intaneti, mitaa mitatu kutoka hapa nilipo sasa. Akaja mwenye duka la vipuri vya baiskeli na kompyuta yake ya Windows 98, tatizo kama lako: kitabu cha anwani hakifunguki. Mimi na ujuaji wangu wa miezi sita nikaenda kwenye kompyuta ya kafe, nikachukua wab32.dll ya huko, nikaitia kwenye disketi, nikaibandika juu ya ile ya kwake. Sikujua kwamba kompyuta ya kafe ilikuwa na Internet Explorer 6, kivinjari cha Microsoft cha enzi hizo, na ya kwake ilikuwa na 5, na kwamba msomaji wa anwani alikuwa akija pamoja na Internet Explorer. Jina la faili lilikuwa moja, mambo ya ndani mengine. Kitabu hakikufunguka, na Outlook Express yenyewe nayo ikakataa kuwaka. Nilikaa hadi saa tano usiku naweka upya Internet Explorer nzima kutoka kwenye CD, na yeye kakaa kwenye kiti cha plastiki ananitazama bila kusema neno. Afadhali angenitukana.

Kuanzia Windows 2000 Microsoft walianza kuyafungia mafaili makuu ya mfumo ili watu kama mimi wasiyabandike ovyo. Kisha Windows Vista ilipoingia madukani mwaka 2007, kitabu cha zamani kilistaafishwa. Tangu hapo kila mtu unayemhifadhi anakuwa na faili lake mwenyewe, lenye mkia wa .contact, ndani ya folda iitwayo Contacts. Lakini msomaji wa zamani hakufukuzwa. Aliachwa ili watu wenye madaftari ya zamani waweze kuyahamisha. Maana yake, Mzee, hicho mjukuu anachotaka kukipakua tayari anacho. Aangalie kwenye C:\Program Files\Common Files\System, atalikuta. Na kama Windows yake ni ya biti 64, kuna jingine kwenye Program Files (x86), la kuzihudumia programu za biti 32. Asihangaishwe na hiyo 32 kwenye jina. Yote mawili yanaitwa wab32.dll. Microsoft kwenye majina ndivyo walivyo: folda ya System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64, na ya biti 32 yanakaa kwenye folda iitwayo SysWOW64. Nimeshaacha kuuliza.

Basi fanyeni hivi. Kabla ya yote, nakilini lile daftari mara mbili, mahali tofauti. Pili, kama ile diski ya zamani bado inasomeka, mjukuu arudi kwenye folda ya Documents and Settings, kwenye jina lako, kisha Application Data, Microsoft, Address Book. Pembeni ya faili la .wab mara nyingi kuna pacha wake mwenye mkia wa .wa~. Huyo ni nakala ya akiba iliyokuwa ikijitunza yenyewe bila kukuambia. Diski inayokufa huweza kuharibu daftari wakati wa kunakili, na hapo pacha huyo anakuwa mkombozi. Mimi nimeshamtegemea zaidi ya mara tatu.

Sasa msilibofye daftari. Fungueni folda ya Contacts kwenye laptopu, bonyezeni kitufe cha Import, chagueni mstari wa kitabu cha anwani cha Windows, mwonyesheni faili lilipo. Likikubali, mtaona watu wakimiminika mmoja mmoja.

Likikataa na kutaja tena wab32.dll, basi msomaji kweli ana hitilafu. Mara nyingi mkosaji ni hizi programu za "kusafisha kompyuta" ambazo vijana wanazipenda. Fungueni dirisha jeusi la amri kwa ruhusa ya msimamizi, andikeni sfc /scannow, mwende mkanywe chai. Windows itapita kwenye mafaili yake, na lililoharibika italibadilisha kwa lililo sahihi, kutoka kwenye ghala lake lenyewe. Sufuria lile lile, mfuniko wake ule ule.

Tovuti ya bure je? Kwanza hamjui toleo walilonalo, na hapo mtaangukia nilipoangukia 2003. Pili, na hili ndilo kubwa, .dll halikai kama picha au wimbo. Programu ikiliita linaingia ndani ya programu hiyo na kufanya kazi kwa ruhusa zote za programu. Ukimkaribisha jikoni mpishi usiyemjua, kisu ameshakishika. Na wala si lazima ulipakue mwenyewe. Desemba 2010 Microsoft walitoa marekebisho ya usalama namba MS10-096 kwa ajili ya kitabu hiki hiki cha anwani. Tatizo lilikuwa kwamba kinapofunguka kilikuwa kikimtafuta msaidizi wake hata kwenye folda lilimo daftari. Mtu mbaya aliweza kuweka kwenye folda ya mtandaoni daftari la kawaida, na pembeni yake .dll bandia lenye jina la msaidizi huyo. Ukifungua daftari, umemwita mwizi kwa jina la ndugu. Ilishazibwa, lakini mwambie mjukuu aisome habari hiyo kabla ya kurudi kwenye tovuti yake.

Majina yakishaingia, msiyaache hapo. Bonyezeni Export, chagueni vCard, yaani kadi ya kila mtu peke yake. Mtapata mafaili 412 yenye mkia wa .vcf, na haya hayahitaji msomaji maalumu. Ni maandishi matupu. Notepad inayafungua na macho yako yanayasoma:

BEGIN:VCARD
VERSION:2.1
N:Mchele;Mama Zawadi;;;
FN:Mama Zawadi Mchele
TEL;CELL;VOICE:+2557XXXXXXXX
END:VCARD

Mpango huu ulianza miaka ya 1990, na karibu kila simu na kila huduma ya barua pepe inauelewa. Ili kuyaunganisha yote yawe faili moja, kwenye dirisha lile jeusi, mkiwa ndani ya folda hiyo, andikeni copy /b *.vcf wote.vcf. Hilo moja lichapisheni pia kwenye karatasi. Umri wangu dukani umenifundisha kuheshimu karatasi.

Mtakumbana na vioja vitatu. Cha kwanza mnakiona hapo juu kwenye mstari wa N. Mpango huu uliandikwa na watu wanaoamini kila binadamu ana jina la kwanza na jina la ukoo. Sisi tunaandika "Mama Zawadi Mchele" na "Fundi Bomba Majengo", na kompyuta inalichukua neno la mwisho ikalifanya ukoo. Ukipanga orodha kwa ukoo, utawakuta ukoo wa Mchele, ukoo wa Bomba, na ukoo mkubwa kuliko zote, wa Majengo. Pangeni kwa FN, ule mstari wa jina zima, mpumzike. Cha pili ni majina yenye ng'. Kama ulinakili jina kutoka Word, ile alama ya juu huwa imepinda, na vCard za toleo la zamani, 2.1, huiandika kwa tarakimu. Mwanachama wako wa Kisukuma atatokea kama Ng=E2=80=99w na mengine yanafuata. Hajarogwa. Tafuta =E2=80=99 kwenye faili zima, weka ' ya kawaida.

Cha tatu ndicho cha kuwa nacho macho. Daftari la 2004 lina namba za 2004. Utakumbuka 0744 ziligeuzwa 0754, na 0748 zikawa 0784. Mkizikuta mtashawishika kuzipiga kama zilivyo, na ubaya ni kwamba 0744 zimerudi sokoni, zina wenyewe wapya. Usije ukamtangazia msiba mtu wa Songea asiyekujua.

Nilitaka kusahau: makundi, kama uligawa wanachama kwa mitaa, hayasafiri ndani ya vCard. Yaandike pembeni kabla hamjaanza.

SWALI: Mambo Dada Fundi. Nasoma chuo Dodoma, natumia Debian 12, aina mojawapo ya Linux. Kuna programu ndogo ya kupanga kontakti nimepewa na rafiki aliyekuwa na Debian 10. Nikiiwasha inasema haipati libebook-1.2.so.19. Nimeangalia, mimi ninayo .so.21. Kwenye mtandao mmoja wanashauri nitengeneze kiungo cha jina la 19 kielekee 21. Nifanye?

JIBU: Poa mdogo wangu. Usifanye. Soma kwanza jibu la Mzee wa Moshi; .so kwenye Linux ni ndugu wa .dll. Tofauti ni kwamba huku mafundi waliyakwepa mapema mateso kama ya Windows 98, wakaweka namba mwishoni mwa jina. Namba hiyo ni ahadi. Programu iliyotengenezwa kwa 19 inajua milango ya 19: hodi inapigwa wapi, jina linatolewa kwa mpangilio gani. Namba inapopanda, maana yake kuna mlango uliohamishwa au kuzibwa. Kiungo chako kitaidanganya programu iwake, kisha itaanguka katikati ya kuandika. Na unachoandika humo ni namba za mama yako.

Debian 10 ilikuwa na 19, 11 ikawa na 20, yako ina 21. Mwombe rafiki msimbo wenyewe uujenge upya kwenye mashine yako, au tafuta toleo lililotengenezewa Debian 12. Ukitaka kujua programu inataka nini kingine kabla hujaiwasha, andika ldd na njia ya programu hiyo. Kila mstari wenye "not found" ni sufuria ambalo halipo.

SWALI: Dadangu, hujambo. Mimi ni wa Likoni, na ndugu zangu wawili wameolewa huko kwenu Tanga. Nimenunua simu mpya nikahamisha namba zote. Za hapa Kenya ziko sawa. Za Tanga nilizoziandika kwa 007 hazitokei kabisa kwenye WhatsApp. Halafu kuna moja niliiandika 0754 hivyo hivyo alivyonitumia dadangu, sasa ananionyesha picha ya mwanamume na lori lake. Shemeji yangu namjua, siye huyo!

JIBU: Sijambo dada wa Likoni, na nimecheka hadi mteja akaniuliza kulikoni. Dada yako hajaolewa na mwenye lori. Huyo ni Mkenya mwenzako.

Ndani ya simu yako kuna maktaba nyingine ya pamoja, iitwayo libphonenumber. Google waliitengeneza na kuiachia dunia bure. Android yenyewe inayo, na programu nyingi za ujumbe zinatumia hiyo au ya namna yake. Kazi yake ni moja, na ni ngumu kuliko inavyosikika: kuchukua mchoro wowote wa tarakimu na kuamua ni namba ya nchi gani, nzima au pungufu. Ina jedwali la nchi zote, urefu wa namba zao na tarakimu zinazoanzia. Ikiona alama ya + haina la kubahatisha: 254 Kenya, 255 Tanzania, 256 Uganda. Isipoiona, inachukulia kwamba namba ni ya nchi ya simu yako. Basi ilikuta 0754, ikaondoa sifuri, ikaweka +254. Na kwa bahati yenu mbaya 0754 na Kenya ipo, namba halali kabisa. Haikuwa na sababu ya kushtuka.

Fikiria hiyo ndiyo namba unayoitumia kutuma pesa ya arusi.

Hiyo 007 ina hadithi yake. Nchi zetu tatu za mwanzo za Afrika Mashariki zimewekeana njia ya mkato ya majirani: ukiwa Kenya unaipata Tanzania kwa 007, sisi tunawapata nyinyi kwa 005, na Uganda sote tunaipata kwa 006. Ukipiga kwa mkono inafanya kazi vizuri. Lakini ni njia ya kupigia, si sehemu ya namba. Dada yako akiwa Tanga, 007 haimo kwenye namba yake. Ukienda nayo Muscat haikufikishi popote. WhatsApp inataka namba ambayo ni ile ile popote duniani. Hata 00 ambayo wageni hutufundisha si yetu. Kenya, Uganda na Tanzania kupiga nje ni 000. Ndiyo maana napenda +, inakuondolea mambo yote hayo.

Kama ni namba tano, rekebisha kwa mkono: futa 007, weka +255. Kama ni hamsini, zitoe kwa vCard kama nilivyomweleza Mzee wa Moshi, fungua faili kwa programu ya maandishi, na uamuru ibadilishe :007 iwe :+255. Zile nukta mbili usizisahau! Ukibadilisha 007 peke yake utaziharibu namba zote zenye 007 katikati. Kabla ya kulirudisha faili, futa zile za zamani kwenye simu, la sivyo kila ndugu atakuwa wawili. Ile ya 0754 utaiandika mwenyewe, kwa kuwa kompyuta haiwezi kujua kwamba ni ya Tanga.

SWALI: Dada Fundi, nimeaibika. Nilikopa elfu hamsini kwenye programu ya simu, nikachelewa siku nne. Wakamwandikia mama mkwe wangu, mchungaji, na muuza mkaa wangu, kwamba mimi ni mwizi. Hizo namba sikuwapa. Walizipata wapi?

JIBU: Pole sana mdogo wangu. Kwanza, mwizi si wewe. Ila namba uliwapa, siku ile unaiweka programu, ilipokuuliza kama unairuhusu kufikia kontakti na wewe una haraka ya ada ya mtoto.

Kwenye simu yako majina yamo kwenye ghala moja la pamoja, lenye mlango mmoja. Programu ya kupiga simu inabisha hapo, WhatsApp inabisha hapo, na ya mikopo nayo. Mlango hauna akili ya kuuliza unataka majina mangapi na ya nini. Ukishafunguliwa, unatoa yote. Udhaifu huu ni wa tangu kitabu cha Mzee wa Moshi. Machi 1999 kirusi kilichoitwa Melissa kiliingia kwenye kitabu cha anwani cha Outlook na kujituma kwa watu 50 wa mwanzo. Mei 4, 2000 kikaja ILOVEYOU kutoka Ufilipino, kikajituma kwa wote waliomo. Agosti 2003 Sobig.F hakikuhangaika hata na mlango, kilikwenda kusoma mafaili ya .wab yenyewe. Nakikumbuka hicho, kafe yetu ilifungwa siku mbili. Vyote vilitaka kitu kile kile walichokitaka hao wakopeshaji wako: watu wanaokuamini.

Kilichobadilika ni kwamba kuanzia Android 6.0, mwaka 2015, programu inapaswa kukuuliza wakati inapotaka kuingia, na unaweza kukataa au kughairi. Nenda kwenye mipangilio ya simu, sehemu ya programu, kisha ruhusa, uone nani wanaingia kwenye kontakti. Utashangaa. Mimi nilikuta tochi. Tochi inamtafuta nani kwenye daftari langu?

Kuzima ruhusa leo hakurudishi walichonakili jana. Lakini kuna pa kushika. Tangu Mei 31, 2023 Google hairuhusu programu za mikopo binafsi zilizoko kwenye Play Store kufikia kontakti na picha za mkopaji. Kwa hiyo kama uliipata Play Store, iripoti pale pale. Kama ulitumiwa kiungo ukaiweka kwa mlango wa nyuma, kanuni hiyo haikulindi. Hapa Tanzania tuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022, na Tume yake inapokea malalamiko. Novemba 2024 Benki Kuu nayo ilitoa orodha ya majukwaa na programu 69 za mikopo zisizo na leseni. Angalia kama hiyo yako imo. Piga picha ya kila ujumbe waliotuma, na mwombe mchungaji asifute wake.

Unaweza kujiuliza kati ya watu wote waliomo walijuaje pa kukuchoma. Hilo uliwaandikia mwenyewe, kwenye ule mstari wa FN: "Mama Mkwe", "Mchungaji". Mimi baada ya kusoma barua yako nimebadilisha mama mkwe wangu, sasa anaitwa kwa jina lake la ubatizo na mji wake. Muuza mkaa ndiye sijaelewa walimchagulia nini.